Malalamiko Kuhusu Jiwe Linaloitwa Kibyongo

Kwa Mtengeneza Filamu za Mawe,
Chumba kinachotazama uani, ghorofa ya juu.
Kwa mkono wa dereva wa lori.

Ndugu Mtengeneza Filamu,

YAH: KUHUISHA MAWE BILA KUWASHIRIKISHA WANAOYASAGA

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Kabla sijaenda mbali, naomba uelewe kwamba nakuandikia kama Msimamizi wa Mashine ya Kusaga Kokoto, wala si kama baba yako. Baba yako amekatazwa na mama yako kukugombeza, na kwa kuwa ni mtu anayependa kula chakula kikiwa cha moto, ametii. Msimamizi hajakatazwa na mtu. Dereva aliyekuletea barua hii nimemwagiza asubiri nje mpaka uisome yote, kwa hiyo usiirukeruke kama ulivyokuwa ukifanya na vitabu vya hesabu. Usimwonee huruma dereva. Ameegesha kivulini na ana soda yake.

Niweke mambo wazi, asije mtu akasema Msimamizi amekurupuka. Mwanzo ulitengeneza ile filamu fupi ya majani makavu yanayofanya mkutano, nikanyamaza. Ukaja na ile ya vijiti viwili vinavyogombania kivuli, nikanyamaza tena, ingawa sikuelewa nani alishinda. Majani na vijiti si idara yangu. Lakini mwaka huu umeingia kwenye mawe. Ulikuja hapa kazini kwetu, ukapiga magoti kwenye vumbi majuma kwa majuma, unasogeza jiwe upana wa ukucha, unalipiga picha, unalisogeza tena, unalipiga tena, mpaka picha zilipounganishwa jiwe likaonekana linatembea lenyewe. Jiwe lina nundu, ukaliita Kibyongo. Kisha ukatundika shuka jeupe kwenye bwalo la wafanyakazi, ukatuonyesha jinsi jiwe hilo linavyojitoa lundoni, linavyokwenda kuliaga jabali moja kubwa, na linavyoondoka peke yake kwenda kuona dunia.

Filamu ilipoisha watu walipiga makofi mpaka mabati yakaitika. Wakataka kulishika jiwe lenyewe, likazunguka bwalo zima kutoka mkono hadi mkono, na katika kuagana na kupigana picha likasahaulika mezani karibu na birika. Mama mfagiaji akalikuta. Sasa, ukutani pale bwaloni, kwa rangi nyekundu na kwa mwandiko wangu, pameandikwa: JIWE LOLOTE LITAKALOONEKANA MAHALI PASIPO PAKE LIRUDISHWE LUNDONI. Mama mfagiaji ni mtu wa utaratibu. Alilichukua, akatoka nalo nje, akalitupa lundoni pamoja na wenzake. Ninamtetea mpaka kesho, na tangazo halifutwi.

Tangu hapo umesema kwenye simu, na mama yako amenifikishia neno kwa neno, kwamba filamu ya pili umeifikisha katikati na bila jiwe lile lile huwezi kuimaliza, kwa sababu kila mtazamaji atajua si lenyewe. Umesema umechoka. Umesema kamera utaiuza, na Jumatatu utakwenda kuanza ile kazi ya ofisi ya bima ambayo mimi mwenyewe nilihangaika kukutafutia. Ungedhani basi nimepata nilichotaka na nitanyamaza. Nimepata nilichotaka. Ila kunyamaza siwezi, maana wewe unaondoka kwenye mawe na sisi unatuachia mawe yaliyo hai. Malalamiko yangu ni haya:

1. Mlishaji wa mashine, yule bwana wa mabega mapana tunayemwita Winchi. Huyu alikuwa akilisha mashine bila kufikiri, na hiyo ndiyo sifa kubwa ya mlishaji. Sasa kila jiwe kubwa analipangusa kwanza, analigeuza, analitazama usoni, anasema, “Samahani sana, ndugu yangu,” ndipo analiachia. Madogo anayaomba radhi kwa mkupuo. Nilimwambia jiwe halisikii. Akanijibu kwamba hata yeye nikimsema huwa hasikii, mbona sijamtia kwenye mashine. Kazi imezorota. Mashine inasimamishwa ovyo kwa sababu fulani ameona jiwe lenye sura ya huzuni, na mimi nimeshatoa onyo kali kwamba hakuna jiwe duniani la kumfanya mtu mwenye akili zake asimamishe mashine. (Hapa siihesabu ile siku iliposimama asubuhi nzima. Ile ilikuwa hitilafu ya mkanda unaopeleka mawe kwenye mashine, na fundi ameithibitisha.)

2. Mpiga baruti. Unajua kwamba kabla ya kulipua mwamba tunapiga honi ili watu wakae mbali. Siku hizi baada ya honi ya watu anapiga nyingine, ndefu na ya pole, akisema hiyo ni ya mawe, yajiandae. Nilimuuliza mawe yatajiandaa vipi na yatakimbilia wapi. Akasema, “Mkuu, hata sisi ukitupigia honi huwa hatujui vizuri pa kukimbilia, lakini tunashukuru kuambiwa.” Nikaenda zangu kukagua toroli, na Msimamizi kuondoka hivyo mbele ya wafanyakazi ni jambo zito kuliko unavyofikiri.

3. Dereva wa lori, huyo huyo aliyesimama hapo nje, na unaweza kumsomea sehemu hii kwa sauti. Amegoma kumwaga mzigo kwa mkupuo. Anainua bodi polepole kama anamlaza mtoto, na mteja anasubiri mpaka anakaa chini. Aidha, anapakia mawe kwa kufuata koo zao. Anasimama kwenye lundo, anasema hawa weusi ni wa tumbo moja, hawa wenye madoa ni mabinamu, wasitenganishwe, watajengewa ukuta mmoja. Juzi alikuta jiwe lenye jiwe dogo ndani yake akakataa katakata kulipakia, eti lina mimba. Jiwe hilo limelazwa chini ya mti karibu na tangi la maji na hakuna anayeruhusiwa kupita hapo na toroli. Fundi mwashi aliyepungukiwa mzigo alikuja juu, anafoka, akapelekwa kuonyeshwa jiwe. Alirudi ameshusha sauti, akauliza tunatarajia lini.

4. Dirisha la ofisi yangu halifungi. Hili linatokana na wewe moja kwa moja. Mara tu iliposikika kwamba Kibyongo amepotea lundoni, kila mfanyakazi akaanza kumtafuta wakati wa kazi, na mbaya zaidi, kila mmoja akampata. Wamepangwa dirishani sasa, vibyongo kwa vibyongo, kila kimoja na mdhamini wake anayeapa kwamba ndicho chenyewe. Karani wa stoo amelalamika kwamba hajui awaandike wapi, kwani si mali ghafi na si kokoto. Wakaunda kamati ya utambuzi. Kamati ikakaa na picha iliyopigwa kwa simu, ikabishana, ikagawanyika, Winchi akatoka kwa hasira. Mwishowe wakaniletea mimi niamue, kwa kuwa ndiye niliyekaa na mawe kuliko wote. Nikawaambia wazi, na nakuambia na wewe: jiwe ni jiwe. Nimesaga mawe tangu hujazaliwa, na hata leo ukiniwekea mawili mkononi siwezi kukuambia lipi ni lipi. Hayana uso, hayana tabia, hayana kwao. Nikawafukuza ofisini. Mawe waliyaacha.

5. Nyumbani. Lile jiwe la kuzuia mlango wa jikoni usijipigize, ambalo mama yako kwa miaka yote amekuwa akilisukuma kwa mguu, sasa analiinua kwa mikono miwili. Ameliondoa pale kwenye upepo akaliweka upande wa ndani. Mlango unajipigiza. Nikikaa kwenye lile jiwe la uani kufunga kamba za viatu, ananiuliza kama sioni mahali pengine. Na kila jioni, naweka tu kofia juu ya meza, ananiuliza, “Hamjamwona bado?” Navua viatu. Anauliza tena, “Na huyo mtoto, huko aliko, anakula?” Hapo sijui anamuulizia nani, wewe au jiwe, nami sipendi kuuliza kwa sababu kwa vyovyote vile sina jibu.

6. Jambo hili ningelipenda lisiwepo. Ni lile jabali. Umelichukua jabali la nyuma ya vyoo vya wafanyakazi, zito, limeinama kidogo upande mmoja, ukalifanya mzee wa mawe yote. Kibyongo likija kuaga, jabali linakohoa mara mbili. Kikohozi kile ni changu. Sijui ulikirekodi lini, lakini watu wote bwaloni walikifahamu kabla yangu, na Winchi kwa heshima zake akasema, “Shikamoo, Mkuu,” akilielekea shuka. Watu wanasema pia kwamba jabali limefunga mikono nyuma. Jabali halina mikono, sasa watu wamejuaje imefungwa nyuma? Lakini hata mimi niliona.

Tena jabali hilo limempa Kibyongo mgongo. Kibyongo linaaga, linasubiri, linasogea, linageuka kutazama, jabali halisemi kitu na halitazami. Mimi hapo nilitoka nje kidogo kwa sababu ya vumbi machoni. Najua utasema bwaloni madirisha yalikuwa yamefungwa. Vumbi la kokoto halijali madirisha. Niliporudi taa zimewashwa, nikamkuta karani anakuuliza kwa nini yule mzee hakugeuka kumwona mwanawe akiondoka. Ukajibu kwamba halikuwa jambo la kisanaa, bali jabali ni zito na hukuweza kuligeuza peke yako. Watu wakacheka, wakanitazama mimi. Nawe ukanitazama. Nikasema kuna mtu ameacha taa ya choo inawaka, nikaenda kuizima.

Sasa tuzungumze kama watu wazima. Mimi sipingi sanaa. Ulipokuwa mdogo ulikuwa unapanga vijiwe kwenye ngazi kuanzia mdogo hadi mkubwa, unavipa kila kimoja kazi, huyu mwalimu, huyu daktari, yule amechelewa shule, na mimi nilikuwa naviruka nikienda kazini nisivivuruge. Nani alikukataza? Lakini kuna mchezo na kuna maisha. Ukiwafanya watu waone jiwe linaumia, kesho wataona mkanda unachoka na keshokutwa wataona Msimamizi naye ana moyo, na hapo hakuna kokoto itakayotoka hapa. Nyumba hazitajengwa. Madaraja hayatajengwa. Watu watavuka mito kwa miguu, wakiyakanyaga mawe, tena baada ya kuyaomba ruhusa. Utakuwa umelirudisha taifa zima majini kwa sababu ya jiwe moja lenye nundu.

Kwa hiyo naomba yafuatayo. Kwanza, kabla hujaiuza kamera, utengeneze filamu moja ya mwisho ambamo jiwe limelala tangu mwanzo hadi mwisho na halifanyi chochote, halikohoi, haligeuki, hata mwanga usibadilike. Itaonyeshwa bwaloni kwa lazima, na nitasimama mlangoni mtu asitoke. Pili, umwandikie Winchi kwa mkono wako kwamba mawe hayana undugu naye. Anakuamini wewe kuliko mimi. Tatu, uwaandikie wafanyakazi wote kwamba Kibyongo ameshasagwa, amekuwa kokoto, ametumika kwenye msingi wa jengo fulani, na wasimtafute tena. Nne, na hili ndilo kubwa, Jumatatu uende ofisini. Kuna kiti kinachozunguka. Kuna feni. Viatu vyeusi nilishakununulia. Kitu ukikiweka mezani jioni, asubuhi unakikuta pale pale, na hakuna atakayekuomba ukipe roho. Utazeeka vizuri, magoti yako hayatakuwa kama yangu, na kila mtu atalala usingizi.

Natumaini utayapokea haya kwa moyo ule ule wa kiofisi nilioyaandikia. Nisalimie mwenzako wa chumbani, mwambie ile sufuria aliyoazima kwa mama yako haijasahaulika. Msalimie mwenye nyumba wako na mkewe, na yule jirani mwenye cherehani anayekushonea vifuko vya kamera. Hapa Winchi anakusalimu, mpiga baruti anakusalimu, karani anakusalimu, mama mfagiaji anakusalimu huku analia, nimemwambia aache. Mawe usiyasalimie.

Wako katika vumbi na utaratibu,

Msimamizi,
Mashine ya Kusaga Kokoto.

Nakala: Mama yako (kwa taarifa, si kwa maoni).

Tanbihi. Hapa naandika kama baba yako, kwa hiyo pasiingizwe kwenye faili.

Mkanda haukuwa na hitilafu. Nilikuwa nimesimama juu kwenye jukwaa nakunywa chai, mawe yanapita chini yangu kuelekea kwenye taya za mashine kama yanavyopita siku zote, nikamwona. Kati ya mawe yote yale. Nundu juu, ule mshipa mweupe tumboni, na tone la rangi ya bluu aliyoipata kwenye dirisha la jikoni ulikokuwa ukimwanika. Hata kama asingekuwa na tone ningemjua, kwa vile anavyokaa, kama mtu aliyekuja kuuliza kitu akaona haya. Sikufikiri, mwanangu. Nilibonyeza kitufe chekundu, kikombe kikaenda zake, nikapanda kwenye mkanda na magoti yangu haya, nikamtoa akiwa ameshafika mdomoni kabisa. Wafanyakazi wakakusanyika. Wakaniuliza kuna nini, nikasema mkanda. Fundi akatafuta hitilafu asubuhi nzima, na kwa kuwa ni fundi mzuri, akaipata.

Nilimficha kabatini ofisini. Nilijiambia ifike Jumatatu tu, ukae kwenye kile kiti, halafu siku moja tutacheka. Lakini kila nilipofungua kabati kuchukua kalamu alikuwa amekaa vile vile, ananisubiri, na mama yako jioni ananiuliza kama tumemwona. Nimeshindwa. Yule bwana wa bima nimempigia simu, nimemwambia nafasi ampe mtu mwingine, wewe una kazi. Viatu usivitupe, utavaa siku ya kuonyesha filamu.

Sasa toka nje, mwambie dereva akufungulie mlango wa abiria. Aliyekaa pale amefungwa mkanda wa kiti ndiye yeye. Mkanda ni wazo la dereva, mimi sikumkataza. Wale walioko dirishani kwangu waache wakae, na ukifika usiwaambie watu kwamba si wenyewe, kila mmoja amemtafuta wake kwa uchungu. Dereva analala huko kwa dada yake na anarudi kesho asubuhi. Nafasi ipo, Kibyongo ukimpakata. Njoo na kamera.

Na lile jabali. Katika hii ya pili, Kibyongo akirudi, naomba mzee ageuke. Najua ni zito. Tutaligeuza kidogo kidogo, upana wa ukucha, unapiga picha, tunalisogeza tena, hata tukimaliza mwezi mzima. Winchi amesema atasukuma, na mtaimbo ninao.